Kupanga na kuchora kituo cha afya: anza na njia ya mgonjwa, kuta zitafuata

Wakuu, hii naiandika kwa ajili ya watu wa kamati za ujenzi, viongozi wa dini, madiwani, na wale wa vikundi vya WhatsApp vya "wana wa kijiji fulani" walioko mjini na nje wanaochangishana kujenga kwao. Mimi kazi yangu ni kuchora na kusimamia majengo, na kitu kinachoniuma ni kwamba pesa ikishaingia tu swali la kwanza linakua "nani ana ramani?", hapo hapo mtu anatuma PDF ya kituo cha wilaya nyingine, kesho yake fundi anapima msingi. Ile ramani inaweza kua nzuri kabisa kule ilikotoka, ila kule kiwanja ni tambarare huku kwenu ni mteremko, kule barabara inaingilia kusini huku inaingilia mashariki, mwisho wa siku mnapata majengo yanayovutia kwenye picha ya uzinduzi alafu nesi wa zamu ya usiku anakimbia kwenye matope kutoka jengo moja kwenda jengine. Mkikaa chini mwezi mmoja kufikiria hamjachelewesha chochote, jengo lenyewe litatumika miaka hamsini.

Mfano wangu ni kituo cha afya cha Tanzania chenye wodi, leba na upasuaji wa dharura, maana ndo kitu kinachojengwa sana saivi. Ndugu zetu wa Kenya mchukulie kama level 3 inayoelekea 4.

Hatua ya 1: Jua unajenga nini na kwa watu wangapi

Kabla ya ramani andikeni karatasi moja tu, huduma gani zitatolewa. Sera yetu inasema zahanati kila kijiji na kituo cha afya kila kata, ila kituo cha afya maana yake watu wanalala, kuna maabara, kuna damu, na mama akishindwa kujifungua anapasuliwa hapo hapo. Hiyo inabadilisha kila kitu, umeme, maji, idadi ya nyumba za watumishi. Kama hamna uhakika wa kupata watumishi wa thieta (chumba cha upasuaji) msijenge thieta ikae store ya vitanda, acheni nafasi yake kwenye ramani mtaijenga baadae.

Idadi ya vitanda isitoke kichwani kwa mwenyekiti. Nendeni zahanati mlizonazo mfungue vitabu vya MTUHA (kumbukumbu za wagonjwa na huduma) vya mwaka mzima, mhesabu wagonjwa wa nje kwa mwezi, waliojifungua, waliopewa rufaa, na muangalie miezi ya baada ya masika malaria inapopanda maana wodi inatakiwa ihimili mwezi mbaya. Alafu hesabu yenyewe ni nyepesi: wanaolazwa kwa mwaka zidisha na wastani wa siku za kulala, gawanya kwa 365, alafu gawanya kwa 0.8 ili vitanda visijae asilimia 100 kila siku. Tuseme watalazwa watu 1,200 na kila mtu analala siku 3, ni 3,600, ukigawa kwa 365 unapata karibu 10, ukigawa kwa 0.8 unapata vitanda 13. Akina mama wanaojifungua wahesabiwe peke yao, shirika la afya duniani WHO linataka mama aliyejifungua salama akae angalau masaa 24 kabla ya kuruhusiwa, na vituo vingi vinamruhusu mapema kwa sababu tu vitanda havitoshi, yani ufinyu wa jengo ndo unaoamua badala ya mkunga.

Hatua ya 2: Kiwanja

Nendeni mkakione wakati wa masika. Kiangazi kila kiwanja ni kizuri. Waulizeni wazee maji ya mvua yanapita wapi na yanatuama wapi, chimbeni mashimo mawili matatu mjue maji ya chini yako kina gani, kwa sababu shimo la choo linatakiwa liwe mita 30 au zaidi kutoka kwenye kisima na kitako chake kiwe angalau mita 1.5 juu ya maji ya ardhini. Angalieni umeme wa fezi tatu uko umbali gani, gharama ya nguzo huwa haimo kwenye bajeti ya mtu yeyote. Na karatasi za ardhi zikamilike, kile kiwanja cha "mzee fulani alitupa kwa mdomo" watoto wake wakikua watakuja kukidai na wodi ikiwa juu yake.

Chagueni kikubwa kuliko mnavyohitaji leo. Kituo cha afya kikifanya kazi vizuri kinapandishwa hadhi kua hospitali, na hapo ndo utaona majengo yanabanana, jiko linakua dirishani kwa mochwari.

Hatua ya 3: Tembeeni njia kabla ya kuchora kuta

Hapa ndo penye kazi yote na hapa ndo watu hawatumii hata nusu saa.

Chukueni mtu mmoja, mama mjamzito, saa nane usiku, kaletwa na bodaboda, uchungu umekolea, kasindikizwa na mama mkwe mwenye beseni na kanga. Mfuateni kwa kidole kwenye karatasi. Anaingia geti gani, taa ipo? Mlinzi anamuelekeza wapi? Anapita kwanza jengo la wagonjwa wa nje lililofungwa au kuna njia inayomfikisha leba moja kwa moja? Akifika leba nani anamuona, mkunga amekaa wapi? Tatizo likitokea anatakiwa afike thieta akiwa amelala kwenye kitanda cha magurudumu, wawili wanasukuma, mmoja ameshika dripu juu, je wanapita kwenye sakafu laini iliyoezekwa juu au kwenye kokoto na mvua? Akitoka thieta anarudishwa wapi, na mtoto wakati huo yuko na nani? Mkimaliza huyo mfuateni mtu mwenye kikohozi cha wiki tatu, alafu mtoto wa homa, alafu mfiwa anayekuja kuchukua maiti.

Ukifanya hivyo majengo yanajipanga yenyewe. Leba na thieta zinakua ukuta kwa ukuta au zinatenganishwa na korido fupi iliyoezekwa. Maabara inakua karibu na wagonjwa wa nje kwa sababu ndo wanaoenda na kurudi. Famasi inakua kwenye njia ya kutokea. Anaekohoa anasubiri nje kwenye banda la wazi, hakai benchi moja na akina mama walioleta watoto kliniki ya chanjo. Mochwari inakua na geti lake nyuma, na njia yake isipite mbele ya madirisha ya wodi yoyote, watoto na wagonjwa hawahitaji kuona lile gari.

Ndugu wa mgonjwa nao wana njia yao. Kwetu sisi mgonjwa haji peke yake, kuna mtu atapika uji, atafua, atalala. Ramani nyingi za kuchukua nje zinajifanya hawa watu hawapo, matokeo yake wanafua kwenye sinki la kunawia madaktari na kulala chini ya vitanda. Wachoreeni banda lao lenye jiko, bomba, kamba za kuanikia na choo. Kama kata ina vijiji vya mbali wekeni na nyumba ya wajawazito kusubiria, ile wengine wanaiita chigonela.

Jaribio moja ambalo siliachi kwenye kazi zangu: kabla ya kuchimba msingi chukueni chokaa, mchore pale chini kwenye kiwanja korido, mlango wa leba na mlango wa thieta kwa ukubwa wake halisi, alafu mkaazime kitanda cha magurudumu hospitalini na muwaite manesi wawili watatu wakisukume, mtu alale juu, mwengine ashike dripu. Korido ya mita 1.5 kwenye karatasi inaonekana kubwa, kitanda kina urefu wa mita 2 na kidogo, kikifika kwenye kona kinagoma, wanakirudisha nyuma, wanakiinua, wanakanyaga mstari wa chokaa, na hapo kila mtu wa kamati anaelewa bila mimi kuongea. Korido ya kupitisha vitanda iwe mita 2.4, milango inayopitisha kitanda iwe na uwazi wa mita 1.2 kamili baada ya kutoa fremu. Kusogeza mstari wa chokaa ni bure kabisa ukilinganisha na kubomoa ukuta.

Kwenye mteremko piga hesabu ya rampu mapema. Msingi ukinyanyuka sentimita 60, rampu ya kiti cha magurudumu ya 1 kwa 12 (kila mita 12 unapanda mita 1) inakula mita 7.2, na kama ni ya kusukumia kitanda ni bora 1 kwa 20, mita 12. Usipoichora toka mwanzo utaona mafundi wanabandika kitu chenye mwinuko kama ngazi pale mlangoni na mgonjwa anabebwa mzegamzega.

Hatua ya 4: Hewa na jua

Kuta ndefu ziangalie kaskazini na kusini, kuta fupi ziangalie mashariki na magharibi, hapo jua la asubuhi na la jioni linapiga upande mdogo tu. Pwani tuna kaskazi inayovuma kutoka kaskazini mashariki na kusi kutoka kusini mashariki, kwaiyo jengo lililokaa hivyo linapata upepo mwaka mzima. Bara waulizeni wenyeji, wanajua. Ukipita pale Ocean Road Dar utaona Wajerumani mwishoni mwa karne ya 19 waliweka veranda pana kutazama bahari, hakukua na kiyoyozi na ilibidi jengo lenyewe lipoe.

Hewa kwenye wodi ni suala la uhai. Mwaka 2005 na 2006 pale Tugela Ferry, KwaZulu-Natal, Afrika Kusini, walikutwa wagonjwa 53 wenye kifua kikuu sugu kupindukia na 52 kati yao walifariki, na ilionekana wengi walikua wameambukizwa hospitalini kwenyewe. Rwanda walipojenga hospitali ya Butaro wilaya ya Burera, iliyofunguliwa 2011 kwa kushirikiana na shirika la afya la Partners In Health na wabunifu wa MASS Design Group, walilifanyia kazi hilo jambo: hakuna korido za ndani za kujazana watu, wanapita na kusubiri kwenye veranda, dari liko juu, madirisha makubwa pande zote, feni kubwa inayozunguka taratibu, na vitanda vimeegemea ukuta mfupi wa katikati ili mgonjwa atazame nje. Ukuta wenyewe ni mawe ya volkano ya hapo hapo. Na utafiti uliofanyika Lima, Peru, ukatoka 2007, ulikuta wodi za zamani zenye dari refu na madirisha makubwa zinabadilisha hewa mara 40 kwa saa, za kisasa zinazotegemea madirisha mara 17, wakati vyumba vinavyoingiziwa hewa kwa mashine viliwekwa vibadilishe mara 12.

WHO wanataka lita 60 za hewa kwa sekunde kwa kila mgonjwa kwenye wodi ya kawaida, na 160 pale penye magonjwa ya hewa. Wana na kanuni ya kukadiria: 0.65 zidisha mwendo wa upepo zidisha uwazi mdogo zaidi kwa mita za mraba zidisha 1,000. Wodi ya vitanda 8 yenye uwazi wa mita 2 za mraba kila upande, upepo ukiwa mita 1 kwa sekunde, unapata lita 1,300, kila mgonjwa 162. Safi. Sasa njoo uweke zile dirisha za aluminiamu za kuslaidi ambazo kila mtu anazitaka saivi kwa sababu zinang'aa. Slaidi inafunguka nusu tu! Umeshuka mpaka 81, weka na wavu wa mbu inashuka tena, siku upepo umelala hamna kitu. Mimi wodini nashauri dirisha za kufunguka zote kwa nje au vioo vya luva, matundu ya hewa juu chini ya dari, na dari lisipungue mita 3. Kiyoyozi kibaki thieta, na thieta hakuna cha kufungua dirisha.

Hatua ya 5: Ndani ya vyumba

Sitataja kila chumba, natoa yale yanayosahaulika.

Kati ya kitanda na kitanda iwe angalau mita 1. Meza ya nesi ikae mahali anapoona vitanda vyote bila kusimama. Leba kitanda kizungukwe na nafasi pande tatu, pawe na kizuizi cha kweli kati ya mama na mama (pazia lililochanika sio faragha), na meza ya kumsaidia mtoto aliyeshindwa kupumua iwe hatua mbili kutoka kitandani ikiwa na soketi yake na taa yake, zile dakika za mwanzo hakuna muda wa kutafuta ekstensheni. Wekeni na chumba cha watoto njiti chenye viti vya kulalia mama anapomkumbatia mtoto kifuani.

Thieta ya mita 6 kwa 6 inatosha vizuri, ila thieta ni zaidi ya kile chumba kimoja. Inataka sehemu ya kubadilisha nguo, ya kunawa, ya mgonjwa kuzindukia, ya kutakasa vifaa, na tundu la kutolea vichafu ambalo halikutani na vilivyotakaswa. Sakafu na ukuta zikutane kwa mkunjo wa mviringo, kona kali inatunza damu na uchafu. Sakafu ya terazo nzuri inashinda tailizi zenye mistari mia za kusugua.

Sinki la kunawa kila chumba anachoguswa mgonjwa, bomba la kufungua kwa kiwiko. Milango ya vyoo ifungukie nje, kwa sababu mgonjwa akianguka ndani mlango unaofungukia ndani unabanwa na mwili wake na hamuwezi kumtoa. Soketi zihesabiwe kitanda kwa kitanda kabla ya plasta, kutindua ukuta uliopakwa rangi kunavunja moyo. Na kama mtaweka eksirei nendeni Tume ya Nguvu za Atomu mapema, ukuta wa hicho chumba na madini ya risasi ya kuzuia mionzi mlangoni vina hesabu yake na mashine hairuhusiwi kuwashwa bila kibali chao.

Hatua ya 6: Maji, vyoo, umeme, taka

Hesabu za WHO: lita 5 kwa kila mgonjwa wa nje, 40 mpaka 60 kwa aliyelazwa kwa siku, 100 kwa kila kujifungua au upasuaji. Tuseme kituo kina vitanda 30, kwa lita 60 ni 1,800, wagonjwa wa nje 100 ni 500, kujifungua 3 ni 300, upasuaji mmoja 100, jumla 2,700 kwa siku. Akiba iwe ya siku mbili, yani 5,400. Mimi nikiwa napanga nachukua lita 10,000 juu ya mnara na tenki jengine chini la mvua. Bati la mita za mraba 400 likipata mvua ya milimita 20 linatoa karibu lita 6,400 hata baada ya kutoa zinazopotea, ni dhambi kuziacha zikachimbe msingi.

Choo kimoja kwa watu 20 waliolazwa, wanawake mbali na wanaume mbali, cha watumishi peke yake, na cha mwenye ulemavu kiwe na nafasi ya kugeuza kiti. Visizidi mita 30 kutoka wodini, mama aliyepasuliwa jana hatatembea mbali.

Taka: kichomea taka, shimo la majivu na shimo la kondo la nyuma vinawekwa kwenye uzio wake. Kwa kua kusi na kaskazi zote zinatokea upande wa mashariki, kwa pwani uzio huo unakaa magharibi mwa kiwanja, moshi uondoke usirudi wodini. Angalieni na majirani wa upande huo.

Umeme ugawanywe toka kwenye boksi kuu: thieta, leba, friji ya damu, friji ya chanjo ambayo lazima ikae nyuzi 2 mpaka 8, maabara na taa za usiku viwe kwenye laini moja inayobebwa na sola au jenereta. Pasi na kompyuta za ofisi zikae laini nyingine.

Hatua ya 7: Chora kiwanja kizima, jenga kwa mafungu

Pesa zetu zinakuja vipande vipande. Kwaiyo ramani ya kiwanja chote ichorwe siku ya kwanza ikionyesha hata majengo ya miaka kumi ijayo, na mabomba na njia za maji taka zipite pasipojengwa. Mpangilio wangu: maji na vyoo, wagonjwa wa nje na maabara, leba na thieta kwa pamoja, nyumba ya mtumishi, wodi, kufulia, mochwari. Na kila jengo linapokabidhiwa lije na njia yake iliyoezekwa, kwenye BOQ (orodha ya kazi na gharama) ya jengo hilo hilo. Ikiachwa iwe "mradi unaofuata" haijengwi, nimeona vituo vina majengo saba yamepakwa rangi na mama anasukumwa kwenye jua.

Hatua ya 8: Watu na vibali

Mchoraji awe amesajiliwa na bodi ya wabunifu majengo na wakadiriaji majenzi, mahesabu ya nguzo na zege yapigwe na mhandisi aliyesajiliwa. Kibali cha ujenzi halmashauri, Zimamoto wapitie michoro, NEMC (baraza la mazingira) kwa ajili ya mazingira. Mkijenga kwa fosi akaunti, yani mnanunua vifaa wenyewe na kutumia mafundi wa hapo hapo, ni sawa na inaokoa pesa, ila muwe na mtu mmoja wa ufundi anayeshinda saiti, kamati ya manunuzi haiwezi kujua nondo ya milimita 12 imebadilishwa kua ya 10.

Kabla ya kusaini michoro waiteni meza moja mkunga, mtu wa maabara, mhudumu wa usafi na mlinzi, bila mabosi wao. Waulizeni tu "kazi yako inakwamia wapi hapa?" Mhudumu wa usafi ndo atakuuliza maji ya kudekia anayamwaga wapi, na mara nyingi kwenye mchoro hakuna jibu.

Hatua ya 9: Kabla ya kupokea funguo

Fanyeni zoezi la usiku. Zimeni umeme, fungeni maji ya bomba kuu, leteni kitanda cha magurudumu, na mtu wa kuigiza mgonjwa aanzie getini mpaka thieta. Fungueni bomba zote pamoja muone chemba ipi inajaa. Mwageni ndoo ya maji kila bafu muone yanakimbilia kwenye tundu au mlangoni. Kila kasoro iandikwe na itajwe chumba, na pesa ya matazamio (lile fungu la mkandarasi linalozuiwa mpaka kasoro zirekebishwe) isitolewe mpaka orodha iishe, hata mkandarasi awe shemeji wa nani. Alafu mdai ramani ya mwisho inayoonyesha mabomba na nyaya zilipopita kweli, sio zilipopangwa kupita, kopi moja abaki nayo mhandisi wa halmashauri na nyingine ilaminetiwe ibandikwe ofisini kwa mganga mfawidhi, maana bomba likipasuka ndani ya ukuta wa wodi ndo karatasi ya kwanza fundi atakayoiomba.